Kumzaa jasusi wa kisasi: mwongozo wa kuandika chimbuko lake

"Bomu lililipuka." Miswada mingi ya kijasusi ninayoletewa nisome huanza na sentensi hiyo, au na ndugu yake wa tumbo moja. Ukurasa wa pili mchumba amekufa. Wa tatu stelingi amepiga magoti kwenye vumbi, ameinua uso juu, anaapa. Wa tano yuko mafunzoni anavunja matofali kwa ngumi. Wa nane ameshaua watu wanne Mogadishu, na mimi nimeshauweka mswada pembeni, nakunywa chai.

Simcheki mtu, maana nami nilianza hivyohivyo. Tuliokulia kwenye vibanda umiza tulijua kanuni moja: stelingi hafi, na akionewa mwanzoni, mwishoni lazima mtu alipe. Pale kibandani inatosha. Kuna picha, kuna muziki, na kuna jamaa anayetafsiri ambaye filamu ikipwaya anaitia chumvi. Kwenye maandishi huna hata mmoja wa hao. Una maneno tu, na msomaji aliyebanwa kwenye daladala ambaye kidole chake kiko tayari kukuhama.

Mwongozo huu ni wa anayetaka kuandika chimbuko: mtu wa kawaida anageukaje kuwa mwindaji wa magaidi kwa sababu walimgusa. Nitatumia mhusika niliyembuni mwenyewe, tumjenge pamoja hatua kwa hatua. Mwanzo nilimwita Rehema, nikajiona mjanja kweli, jasusi wa kisasi anaitwa Rehema! Baada ya siku mbili jina likawa linanipigia kelele kila ninapoliandika. Sasa anaitwa Tunu.

Hatua ya 1: Amua kama chimbuko lina haja ya kuandikwa

Willy Gamba, jasusi wa riwaya za Elvis Musiba, alipotufikia miaka ya 1970 alikuwa ameshaiva. Hatukuuliza alilelewa na nani wala nani alimliza utotoni. Adui zake walikuwa adui wa ukombozi wa Afrika, hasira yake ilikuwa ya umma, na umma wa wakati ule haukuhitaji kuelezwa kwa nini mtu ana hasira na makaburu. Chimbuko lake lilikuwa kwenye taarifa ya habari ya saa mbili usiku.

Jasusi wa kisasi ni kiumbe mwingine. Hasira yake ni ya nyumbani kwake, na msomaji hana namna ya kuijua mpaka umwonyeshe. Lakini kumwonyesha si lazima kuwe sura ya kwanza, wala kitabu cha kwanza. Mmarekani Vince Flynn alimleta jasusi wake Mitch Rapp mwaka 1999. Riwaya inayosimulia kwa kirefu jinsi Rapp alivyoanza kazi ilitoka mwaka 2010. Miaka 11! Katikati pale wasomaji walijua kwamba alimpoteza mpenzi wake kwenye ndege iliyolipuliwa, na hilo lilitosha kuwavusha kitabu baada ya kitabu.

Kwa hiyo fanya hivi. Andika chimbuko lote kwenye daftari, kurasa tano au sita, kwa ajili yako mwenyewe. Kisha andika sura tatu za hadithi yenyewe bila kulitaja. Mpe mtu asome. Akikuuliza, "Huyu dada mbona hakai karibu na dirisha?", umepata jibu: chimbuko linahitajika, na umeshajua liingilie wapi. Asipouliza chochote, liache daftarini. Halijapotea, litakuwa linafanya kazi chini kwa chini kama mizizi.

Hatua ya 2: Chagua tarehe, kisha piga hesabu

Ukitaka kisasi cha kweli kwa msomaji wa Afrika Mashariki, tarehe inayojileta yenyewe ni Ijumaa ya 7 Agosti 1998. Asubuhi ile balozi mbili za Marekani zililipuliwa kwa kupishana dakika chache, Nairobi na Dar es Salaam. Nairobi walikufa watu 213, Dar watu 11, na majeruhi walikuwa maelfu, wengi wao wapita njia na watu wa maofisi ya jirani ambao hawajawahi hata kuomba viza.

Sasa shika kalamu, maana hapa ndipo miswada mingi huanguka. Hadithi ya kisasi ni hadithi ya umri. Tunu nimemzalisha mwaka 1986. Maana yake ana miaka 12 siku ya mlipuko. Ana miaka 15 mwaka 2001, watu wanne wanapotiwa hatiani New York na kufungwa maisha. Ana miaka 18 mwaka 2004, mtuhumiwa mwingine, kijana wa Zanzibar, anapokamatwa Pakistan. Na ana miaka 25 mwezi Juni 2011, mwezi ambao nitaurudia baadaye kwa sababu ndio uliobeba hadithi yote. Nimewahi kuletewa mswada ambao shujaa alikuwa na miaka mitano mwaka 1998 na tayari ni komando mwaka 2003. Komando wa miaka kumi.

Kuna hesabu nyingine nzito zaidi, na sikuijua mpaka nilipofundishwa. Kwenye rasimu yangu ya kwanza Tunu alikuwa na mama aliyekufa Dar. Dada mmoja niliyempa asome aliniuliza swali moja tu.

"Huyu ni wa ngapi?"

Sikumwelewa.

"Walikufa kumi na mmoja. Mama wa Tunu ni yupi kati yao?"

Nilirudi nyumbani nikafuta kurasa arobaini. Msiba wa watu 11 ni msiba wa watu wanaojuana kwa majina. Ukipachika wa kumi na mbili, kuna nyumba kumi na moja zitakazosoma na kujua umedanganya, na pengine zitadhani umemwiba mtu wao ukambadilisha jina. Flynn alimweka binti wa kubuni kwenye ndege iliyoua watu 270. Ilipotengenezwa filamu mwaka 2017 wenye filamu waliachana na ndege ile kabisa, wakabuni shambulio la ufukweni Ibiza, Hispania. Sababu zao wanazijua wenyewe, ila njia waliyopita ni halali hata kwako: buni tukio. Njia ya tatu ndiyo niliyoichukua mimi. Usiue mtu. Chukua mmoja katika maelfu ya majeruhi.

Hatua ya 3: Tafuta kitu kimoja kinachoshikika

Hapa kaa sana. Ukiwa na saa kumi za kuandika chimbuko, tumia sita hapa.

Uchungu hauandikiki. Ukiandika "moyo wake ulivuja damu" msomaji amepita, ameshalisikia kwenye taarabu na kwenye bongo fleva, na huko limeimbwa vizuri kuliko ulivyoandika wewe. Kinachoandikika ni kitu: kina uzito, kina harufu, kinawekwa mahali fulani ndani ya nyumba.

Nitakupa mfano wa kweli kutoka kwenye msiba uleule uliomzaa Rapp. Tarehe 21 Desemba 1988 ndege ya Pan Am 103, ikitoka London kwenda New York, ililipuka ikiwa juu ya mji mdogo wa Lockerbie, Uskoti. Walikufa watu 259 ndani ya ndege na 11 chini. Miongoni mwa abiria walikuwemo wanafunzi 35 waliokuwa ng'ambo kupitia Chuo Kikuu cha Syracuse, wakirudi nyumbani kwa Krismasi. Masanduku yalipasuka, nguo zikatapakaa mashambani, kwenye miti, juu ya mapaa. Ushahidi ulipokwisha kukusanywa, wanawake wa Lockerbie walijitolea kuzifua nguo zile. Wakazifua, wakazipiga pasi, wakazikunja moja moja, zikapelekwa kwa wafiwa.

Hebu fikiria unafungua kifurushi kutoka nchi ambayo hujawahi kufika, unakuta fulana ya mwanao imepigwa pasi na mtu usiyemjua. Mimi ningeandika riwaya nzima juu ya fulana ile. Asiyefungua kifurushi, akakiweka juu ya kabati miaka ishirini, huyo ndiye jasusi wako. Aliyekifungua akaivaa, naye ni jasusi, ila wa aina nyingine kabisa. Aliyemwandikia mama wa Lockerbie barua ya shukrani ameshapona, mwache, hana hadithi ya kisasi.

Turudi kwa Tunu. Kuna jambo moja la Nairobi ambalo kila aliyekuwepo hulisimulia. Kabla ya mlipuko mkubwa ulisikika mdogo, pale washambuliaji walipokuwa wakihangaika na walinzi getini. Watu kwenye majengo ya jirani wakasogea madirishani kuangalia kuna nini. Ndipo bomu likalipuka, na vioo vikawaingia usoni. Wengi walipoteza macho kwa namna hiyo, kwa sababu tu ya kutaka kuona.

Baba yake Tunu ni fundi cherehani wa Tanga aliyekwenda Nairobi kutafuta maisha. Siku ile alikuwa ghorofani, anapima mkono wa koti la mteja. Alisogea dirishani na chaki yake mkononi. Alirudishwa Tanga miezi minne baadaye, hai, mzima wa mwili, bila macho. Chimbuko la Tunu kwenye mswada wangu ni aya hii:

"Kabla ya kwenda shule Tunu hutunga sindano. Kumi na mbili za uzi mweusi, sita za uzi mweupe. Nyeusi anazichomeka upande wa kulia wa kipande cha sponji, nyeupe upande wa kushoto. Baba hukaa karibu, kichwa kimeinama kidogo, anahesabu kwa masikio. Zikitimia kumi na nane humwambia, 'Ahsante mama.' Mwezi wa tatu Tunu aliugua malaria, akalala siku nne. Siku ya tano aliamka akakuta sponji tupu, na baba ameketi mbele ya cherehani, sindano mkono wa kushoto, uzi mkono wa kulia, anajaribu. Ncha ya uzi ilikuwa imelowa mate mpaka imekuwa kama ufagio. Tunu alisimama mlangoni akamtazama kwa muda mrefu bila kusema kitu."

Tazama nilichokiacha nje. Neno kisasi halimo. Gaidi hayumo. Bomu halimo, limebaki Nairobi. Ila mtu aliyetunga sindano kumi na nane kila asubuhi kwa miaka sita ana mambo matatu ambayo jasusi yeyote anayahitaji: subira, mkono usiotetemeka, na deni. Huna haja ya kumpeleka porini kuvunja matofali. Mafunzo yameshafanyika, kwenye kibaraza, kabla ya kengele ya shule.

Kitu chako kikipatikana, kijaribu hivi: kinaweza kutumika mara tatu kwenye hadithi, kila mara kikiwa na maana nyingine? Sindano inaweza. Picha ya marehemu kwenye pochi haiwezi, imeshachoka, iache ipumzike.

Hatua ya 4: Ishi naye miaka ya katikati

Kati ya jeraha na bunduki kuna miaka, na miaka hiyo ina ada ya shule, ina mvua, ina harusi za jirani. Hasira ya mtu wa kweli haiwaki saa 24. Tunu ana daftari ambalo hubandika vipande vya magazeti: kesi ya New York, majina, picha. Sawa. Lakini upo pia mwaka mzima, kidato cha tatu, ambao hakubandika hata kipande kimoja, kwa sababu kulikuwa na mvulana wa mchepuo wa sayansi mwenye meno mazuri. Siku alipolifungua tena daftari akakuta lina vumbi, alijichukia. Hilo ndilo lililomsukuma kuliko bomu lenyewe. Wengi wanaolipiza kisasi hulipia siku walizosahau.

Usizidishe hapa. Kurasa nne zinatosha kwa miaka kumi. Chagua siku tatu, zieleze, ruka zilizobaki.

Hatua ya 5: Mwandike anayemwajiri, na umfanye asite

Ninachokiamini mimi, na ndicho kilichonifanya niandike mwongozo huu, ni kwamba aliyeumizwa peke yake hatengenezi jasusi wa kisasi. Anahitajika mtu wa pili: aliyekaa ofisini, mwenye shibe, asiye na hasira na yeyote, ambaye anautazama uchungu wa mwenzake na kuona matumizi yake. Mswada usio na mtu huyo ni hadithi ya mtu aliyechanganyikiwa akapata silaha.

Na mtu huyo, akiwa mzoefu, hampendi mwenye kisasi. Kwa nini? Kwa sababu mwenye kisasi ana waajiri wawili, na mmoja wao hapokei amri. Historia inayo mifano. Baada ya wanamichezo na makocha 11 wa Israel kuuawa kwenye Olimpiki ya Munich mwezi Septemba 1972, Mossad, shirika la ujasusi la Israel, ilianza kuwawinda wahusika mmoja baada ya mwingine Ulaya. Tarehe 21 Julai 1973, kwenye mji mdogo wa Lillehammer, Norway, walimpiga risasi mtu waliyedhani ni kinara wa mipango ile. Alikuwa mhudumu wa mgahawa, raia wa Morocco, anatoka sinema na mkewe mjamzito. Wawindaji sita wakakamatwa, watano wakahukumiwa. Wale walikuwa watu wa mafunzo, wenye dola nyuma yao. Hasira ikishataka mtu, mtu hupatikana.

Kwa hiyo anayeajiri lazima apime. Hivi ndivyo nilivyoiandika siku ya Tunu. Ana miaka 22, ametoka chuo kikuu, ameitwa kwenye jengo ambalo bango lake linasema mambo ya bima.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba binti yangu. Kaa. Umekuja na basi la saa ngapi?"

"La alfajiri."

"Baba hajambo?"

"Hajambo."

"Bado anashona?"

Tunu alinyamaza. Kwenye fomu alikuwa ameandika mkulima.

"Anashona vifungo," alisema.

"Vifungo." Mzee alimimina chai vikombe viwili, akamsogezea kimoja. "Ukimpata mmoja wa wale, utamfanya nini?"

"Nitamfikisha kwenye vyombo vya sheria."

"Hilo umelisoma ukiwa kwenye basi. Nakuuliza wewe."

Nje mtu alikuwa anafagia. Tunu alisubiri mpaka ufagio ukafika mwisho wa ukuta.

"Nitampa sindano na uzi," alisema. "Nitamwambia atunge."

Mzee hakuandika kitu. Jioni wenzake walipomuuliza, alisema, "Hafai. Mleteni tena baada ya mwaka mmoja."

Mambo mawili ya kuangalia hapo. La kwanza, adabu haivunjiki. Huyu ni mzee na yule ni binti wa Tanga. Hata wakiongelea kuua, shikamoo hutangulia, na baba huulizwa hali. Nimesoma mazungumzo ya kijasusi ya Kiswahili ambayo watu wanaongea kama wametoka tu kwenye muvi, "Sikiliza mwanamke, nchi inakuhitaji." Mzee gani wa Usalama anaongea hivyo? La pili, ulizo la hatari limekuja likiwa limevaa kanzu ya salamu. "Bado anashona?" Maneno mawili, na Tunu ameshajua kwamba wanamjua.

Halafu iheshimu ofisi yenyewe. Idara ya Usalama wa Taifa ya Tanzania iliwekewa sheria yake mwaka 1996, na sheria ile ilivyotungwa iliipa kazi ya kukusanya taarifa na kushauri serikali. Kukamata watu ilikuwa kazi ya polisi. Jasusi anayetembea na bastola mbili Kariakoo mchana ni wa kibandani. Miaka miwili ya kwanza ya Tunu ni mafaili, kusikiliza, kuandika muhtasari wa ukurasa mmoja usio na neno "nadhani". Mtese humo. Mwenye kisasi aliyekalishwa mbele ya kabati la mafaili ni bomu ambalo halijalipuka, na msomaji atakaa nalo kwa hofu kuliko unavyodhani.

Hatua ya 6: Mpe adui Kiswahili

Kwenye riwaya za Kimarekani gaidi hutoka mbali, na lugha yake shujaa hujifunza chuoni. Sisi hatuna anasa hiyo. Fazul Abdullah Mohammed, aliyetafutwa kwa tukio la Nairobi huku kichwa chake kikiwekewa zawadi ya dola milioni 5, alikuwa mzaliwa wa Comoro. Aliwahi kuishi Siyu, kisiwani Pate, akafundisha madrasa, akaoa pale. Mmoja wa waliofungwa New York kwa bomu la Dar ni mzaliwa wa Zanzibar. Alikamatwa Cape Town mwaka 1999 akiwa anafanya kazi kwenye mgahawa wa baga.

Unaona kinachotokea? Adui wa Tunu anaamkia wazee. Anajua kula urojo, anajua kufunga ndoa, akipita mtaani watoto wanamkimbilia kwa sababu ndiye anayewafundisha alifu na be. Siku Tunu atakapomfikia watasalimiana kwa lugha moja, na hapo mwandishi mvivu hana pa kujificha, maana hawezi kumfanya adui abweke lugha isiyoeleweka.

Kumbuka pia nani anasoma. Mashirika ya haki za binadamu yameandika kwa miaka mingi kuhusu vijana wa pwani ya Kenya waliochukuliwa usiku kwa tuhuma za ugaidi na hawakurudi. Ukiandika kikosi kinavunja mlango saa nane za usiku, kuna msomaji wa Mombasa atakayeisoma sentensi hiyo akiwa upande wa ndani wa mlango. Sikukatazi kuiandika. Nasema iandike ukijua kwamba ndani ya nyumba ile, nyuma ya pazia, huenda yuko mtoto wa miaka 12 anayeanza chimbuko lake mwenyewe.

Hatua ya 7: Mnyang'anye

Nilikuahidi Juni 2011. Usiku mmoja wa mwezi ule gari moja lilipotea njia Mogadishu, likaingia kwenye kizuizi cha askari wa serikali. Wakarushiana risasi. Ndani ya gari mlikuwa na watu wawili, mmoja ana pasi ya Afrika Kusini. Walizikwa. Baadaye ndipo ilipong'amulika yule mwenye pasi ni nani, mwili ukafukuliwa, ukapimwa vinasaba. Alikuwa Fazul. Miaka 13 ya msako wa mataifa makubwa, na aliyemmaliza ni askari wa kizuizini ambaye hakumjua, kwa sababu dereva alikosea kona.

Tunu alikuwa na miaka 25. Alikuwa na mwaka wa pili ofisini. Alikuwa na daftari.

Hapa ndipo ninapotofautiana na wanaofundisha kwamba chimbuko liishie kwa damu ya kwanza. Mpe mhusika wako kisasi na atakurudia mikono mitupu, hadithi imekwisha, kitabu cha pili atakwenda kufanya nini? Mnyang'anye. Acha bahati mbaya, au ajali, au jirani amtangulie. Sasa una mtu mwenye ujuzi wote, deni lote, na hakuna wa kumdai. Mtu huyo ndiye idara itakayemtuma popote. Mzee wa chai alilijua hilo tangu siku ya kwanza, ndiyo maana alisubiri.

Na usiogope kwamba ajali kama hiyo itaonekana imetungwa. Mwaka 2020 vyombo vya habari vya Marekani viliripoti kwamba mmoja wa watuhumiwa wakuu wa mabomu yale aliuawa mtaani Tehran na watu wa pikipiki, tarehe 7 Agosti, siku ileile, miaka 22 baadaye. Iran ilikanusha. Ungeniletea hiyo kwenye mswada ningeikata kwa kalamu nyekundu na kukuandikia pembeni: punguza.

Hatua ya 8: Mahali pa kuishia

Ishia nyumbani. Usiishie uwanja wa ndege, usiishie juu ya ghorofa na upepo kwenye koti. Mrudishe mhusika kwenye kile kitu cha hatua ya 3 na umwonyeshe kimebadilika wakati yeye hayupo.

Tunu anaomba ruhusa ya siku mbili, anapanda basi la Tanga. Anafika magharibi. Kwenye basi amejiandaa namna ya kumwambia baba: amekufa, baba, yule mtu amekufa. Rasimu tatu nilimwacha aseme. Zote zilikuwa mbaya, baba alilia, Tunu alilia, mimi mwenyewe nikasinzia. Ya nne ndiyo hii:

"Redio ilikuwa imeshasema. Baba aliizima aliposikia hatua zake. 'Karibu mama. Umekula?' Tunu aliketi kwenye kibaraza, akanyoosha mkono kwenye sponji kama kawaida, kabla hata ya kuvua viatu. Ilikuwa imejaa. Kumi na mbili kulia, sita kushoto, zote zimetungwa, ncha za uzi zimekatwa sawasawa. 'Mtoto wa jirani,' baba alisema. 'Mwepesi huyo. Anamaliza hata chai haijapoa.' Tunu alizihesabu tena. Kisha akachomoa moja, ya uzi mweusi, akautoa uzi wake taratibu, akaichomeka mahali pake."

Sura inayofuata ianze kwa simu ya mzee.